Kwamboka, Mwambie Mzee

Kama umewahi kwenda matangani upande wa Manga, basi Mzee Ochoki umemsikia, hata kama hukumwona. Ndiye aliyesimama kando ya jeneza, kofia kaibana kwapani, akaeleza bila kutazama karatasi kwamba marehemu alizaliwa kwa nani, aliolewa wapi, alipenda wimbo gani kanisani na aliugua nini hata akafa. Sauti yake haikuhitaji spika. Vijana wanaokodisha vyombo vya muziki walinung'unika chini chini kwamba mzee huyu anawamwagia unga, maana watu wakishamsikia yeye wanauliza hizo spika zililetwa kufanya nini.

Lakini kulikuwa na maneno ambayo sauti hiyo haikuwahi kuyabeba. Mwanamke akifa kwa ugonjwa wa matiti, Mzee Ochoki alisema aliugua kifua. Mwanamume akifa kwa tezi dume, alisema aliugua mgongo. Watu wazima walitikisa vichwa, wameelewa. Watoto walikwenda nyumbani wakiamini kwamba Manga kuna baridi ya ajabu inayomaliza mama za watu kwa kifua. Na ndivyo alivyomzika hata mke wake mwenyewe, Bosibori. Alisimama pale karibu na migomba, akaibana kofia kwapani kama kawaida, akasema, "Mama Geoffrey aliugua kifua kwa muda mfupi." Hakikuwa kifua, wala haukuwa muda mfupi.

Usimcheke bado. Mgusii hulelewa na kitu kinachoitwa ensoni. Ukikitafsiri kwa haraka utasema ni aibu, lakini si aibu ya mwenye kosa. Ni heshima yenye ukuta. Baba mkwe na mke wa mwanawe hawashikani mikono, hawaketi kiti kimoja, na mambo ya mwili hayatajwi mbele yao hata kwa mafumbo. Baba haingii nyumba ya mwanawe aliyeoa. Mzee Ochoki aliipigilia misumari yote ya nyumba ya Geoffrey kwa mkono wake mwenyewe, akapaka rangi na mlango, na tangu siku Geoffrey alipoleta mke hakukivuka tena kizingiti hicho. Mvua ikimkuta pale uani, alisimama chini ya mparachichi akalowa, na akaridhika kulowa.

Mke huyo aliyeletwa ni Phanice, binti wa Itumbe, aliyekulia karibu na kiwanda, akanusa majani chai yanayokaushwa kabla hajajua kusoma. Mikono yake kwenye michai ilikuwa myepesi, na mdomo wake ulikuwa mwepesi zaidi. Alicheka na kila mtu isipokuwa baba mkwe wake, ambaye alimpenda kuliko wote na hakuwa na njia ya kumwambia. Naye mzee, moyoni mwake, alikuwa amekwisha kumhesabu Phanice kuwa mwanawe wa kumzaa. Hakuwa na binti. Akimsikia anaimba kule kwenye michai, alipunguza kasi ya jembe ili asikose ubeti.

Bosibori alipokuwa hai ndiye aliyekuwa daraja. "Mwambie mzee sukari imekwisha." "Mwambie mama Linda avae viatu vya mvua, kuna nyoka kwenye majani ya nepia." Maneno yalipita kwa Bosibori yakifika kule yamepashwa moto kidogo, kwa maana mama huyo naye alikuwa mcheshi. Alipokufa, daraja likavunjika. Geoffrey ni dereva wa malori ya masafa, leo Malaba, kesho Juba. Linda, mtoto wa pekee wa Geoffrey na Phanice, yuko shule ya bweni. Pale bomani wakabaki watu wawili wanaopendana na wasioweza kusemezana.

Aliyewaokoa ni ng'ombe. Mzee alimnunua soko la Ogembo enzi za Bosibori, na kwa kuwa alivushwa mto Gucha maji yakiwa yamejaa, wakampa jina la wasichana wanaozaliwa mama zao wakivuka: Kwamboka. Asubuhi moja, wiki chache baada ya mazishi, Phanice alikuwa zizini anakamua. Mzee alikuwa upande wa pili wa ukuta wa mbao anakata nepia. Phanice akasema kwa sauti, macho yake kwenye ndoo, "Kwamboka, ungekuwa na mdomo ungemwambia tatabiara chumvi yako imekwisha." Panga likanyamaza. Kisha upande wa pili ikasikika sauti ile ya matangani, imejipunguza kadiri inavyoweza: "Kwamboka, mwambie mokamwana nitaleta leo nikitoka sokoni."

Tatabiara ni baba mkwe, na mokamwana ni mke wa mwana. Tangu asubuhi hiyo maneno yote ya boma lile, ya mbolea na ya karo na ya salamu, yalipita kwa Kwamboka, naye aliyasikiliza akitafuna. Majirani walisema mzee amechanganyikiwa kwa kufiwa. Wacha waseme. Wangapi kati yao wana mtu wa kuongea naye kila asubuhi?

Sasa sikia kilichotokea mwaka huu, mvua ndefu zilipokuwa zinaisha.

Geoffrey alimpigia baba yake simu kutoka mpakani. Laini ilikuwa inakatika. "Tata," alisema, "Phanice ana kitu. Mahali."

"Mahali gani?"

Geoffrey akasita. Yeye na baba yake nao wana ensoni yao. "Pale pa mama," akasema mwishowe. "Alidhani ni mkanda wa kikapu cha majani unamsugua, lakini ameacha kikapu na bado kiko. Tata, mpeleke Kisii. Mimi nikivuka hapa sina mtandao."

Mzee Ochoki aliketi juu ya gogo la kuchanjia kuni, akabaki na simu mkononi muda mrefu baada ya kukatika. Pale pa mama. Aliliona tena shati la Bosibori alilokuwa akilibana kwa pini, ule mwaka wa mwisho, na yeye mume mtu mzima asiulize pini ni ya nini. Alipokuja kuuliza, daktari alikuwa hana la kufanya ila kumpa dawa za maumivu. Akasema, "Nyasae, Mungu wangu, huyu usimchukue," akasema hivyo mara nyingi, kwa sauti ambayo kwa bahati hakuna aliyeisikia.

Siku ya pili walikwenda Kisii, kila mmoja na boda boda yake, mzee mbele na Phanice nyuma kabisa. Hospitalini alipokewa na daktari mwanamke, Magdaline Otiende, mtu wa pande za kule ziwani, mrefu, mchangamfu, aliyewasemesha Kiswahili kwa sababu Ekegusii chake kilikuwa kimekomea kwenye salamu. Phanice aliingia. Mzee alikaa kwenye benchi la nje akikazia macho picha ya mtoto anayenawa mikono.

Baada ya muda mlango ukafunguliwa. Daktari akatoa kichwa. "Mzee, wewe ndiye umekuja na Phanice? Ingia basi, usikie pia. Mambo kama haya ni ya familia nzima."

Mzee Ochoki aliinua macho, na kwenye upenyo wa mlango akaiona leso ya Phanice imewekwa juu ya kiti. Leso tu, hakuona kingine. Lakini leso iliyo juu ya kiti haiko mabegani mwa mwenyewe. Akasimama, akageuka, na yeye mwenye goti bovu akatoka mbio. Alipita dirisha la dawa, akapita foleni ya kina mama wenye watoto, hakusimama mpaka alipofika uani karibu na lango, wanapouza mananasi.

Daktari akamfuata, koti jeupe likipepea. "Mzee, umeshikwa na nini?"

"Daktari, hiyo maneno ambia yeye mwenyewe. Mimi ni baba ya bwana yake."

"Ndiyo maana nakuita!"

"Ndiyo maana siwezi!"

"Hata kwetu tunaheshimu wakwe," daktari alisema, "lakini hatukimbii. Njoo tu, mzee. Usiogope."

Hilo neno la mwisho ndilo lililommaliza. Nani anaambiwa asiogope kama hakuna la kuogopa? Akatoa kitambaa akafuta jasho usoni, akafuta na macho, akatikisa kichwa. Daktari akamgusa bega kwa upole, akarudi ndani. Na kule nyuma, kwenye dirisha la chumba, Phanice alikuwa amesimama akitazama yote hayo. Aliona daktari amemfuata mzee hadi langoni, aliona midomo yake ikisema jambo, na aliona mzee anafuta machozi. Sauti haikumfikia.

Phanice alipotoka, leso imerudi mabegani, alikuwa na plasta ndogo inayochungulia kwenye ukosi wa nguo. Aliinamisha macho, kama mke wa mwana anavyopaswa kuinamisha mbele ya baba mkwe. Mzee akayasoma macho hayo kama hukumu. Pale hospitalini, kati ya watu hawa wawili, hakukuwa na ng'ombe wa kuuliza habari. Wakarudi nyumbani, na njiani mzee alimsimamisha mwenye boda boda wake kwenye bucha akanunua maini, kwa kuwa maini huongeza damu.

Hapo ndipo wema ulipoanza kuwa balaa.

Kila alfajiri Phanice alikuta mtungi wa maji umewekwa nusu ya njia, kando ya mgomba. Baba mkwe mzima anamchotea mke wa mwanawe maji! Akienda kwenye michai anakuta mistari yake imechunwa nusu, vibaya, na majani makubwa yamechanganyika na machipukizi. "Kwamboka, mwambie mokamwana asibebe kikapu." "Kwamboka, mwambie anywe uji wa wimbi." Sabato ikapita, na Jumapili wakaja kina mama wa Dorkasi, chama cha kutembelea wagonjwa, kutoka kanisani na sukari na unga na nyimbo. Waliketi sebuleni kwa Phanice wakamtazama kwa macho yale. Aliyatambua macho yale. Yeye mwenyewe aliwahi kumtazama nayo Bosibori. Wakaimba juu ya nchi isiyo na machozi, na mmoja alipomuaga alimshika mkono asitake kuuachia.

Naye mzee, masikini, hakujua anachokifanya. Mikono ikizoea kazi huifanya bila kumuuliza mwenyewe. Siku moja alichukua panga akaanza kukata ua wa lango. Alikata upande huu, akakata na upande ule, akang'oa nguzo moja akaisogeza. Alijiambia kwamba ni kwa ajili ya gari la wagonjwa, lisije likashindwa kuingia. Lakini Manga nzima inajua lango hupanuliwa kwa ajili ya gari gani, na aliyewafundisha watu kulipanua mapema, kabla ya jeneza kuja na jamaa kukanyagana, ni yeye Ochoki. Phanice alitoka na beseni la nguo, akaliona lango. Akaliweka beseni chini polepole, akarudi ndani.

Jumatano asubuhi, siku moja kabla ya kurudi Kisii kuchukua majibu ya kipande kilichotolewa kwa sindano, Phanice alikuwa anakamua. Mzee alikuwa upande wake wa ukuta, nepia miguuni. Maziwa yaligonga ndoo kwa muda mrefu.

"Kwamboka," Phanice akasema, "mwambie mzee kesho siendi."

Panga likanyamaza. "Kwamboka, mwambie ataenda. Boda boda nimekwisha kuwaita."

"Mwambie siendi. Linda anafunga shule mwezi ujao. Nataka kukaa na mtoto wangu, sitaki vitanda vya Kisii."

"Kwamboka!" Sauti ilipanda ikagonga mabati. "Mwambie huyu mtu kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Mwambie mimi nimekwisha kuona hilo kwa macho yangu na sitaki kuliona tena!"

Ng'ombe akasogeza mguu. Phanice akainua ndoo isimwagike, na alipozungumza tena sauti yake ilikuwa imepasuka. "Basi muulize, Kwamboka. Muulize kwa nini anataka niende kuambiwa kitu ambacho yeye anakijua. Daktari alimfuata mpaka langoni akamwambia. Mimi niliambiwa ni uvimbe mzuri, sio saratani, nikafurahi kama mjinga. Yeye akaambiwa ukweli, akalia. Tangu hapo ananichotea maji. Ananichunia majani. Na lango, Kwamboka. Muulize kwa nini amepanua lango."

Taratibu, kwa sauti ndogo ambayo hakuna mazishi yaliyowahi kuisikia, mzee akasema, "Kwamboka, mimi daktari hakuniambia chochote. Nilikimbia kabla hajasema."

"Mwambie arudie."

"Nilikimbia. Niliona leso kwenye kiti nikakimbia. Akanifuata kuniita, nikakataa. Yeye mokamwana alitoka pale ameinamisha macho, nikajua amekwisha kuhukumiwa. Sasa aliambiwa nini? Uvimbe mzuri ndio upi? Muulize upesi, Kwamboka, kabla moyo wangu haujasimama."

Phanice akaanza kucheka. Si kicheko kizuri sana, kilikuwa na makamasi ndani yake, lakini kilikuwa chake kile cha zamani, na mzee alikuwa hajakisikia tangu mvua zipungue. Ndipo akamweleza Kwamboka yote, akikamua. Kwamba ziwa la mwanamke lina tezi zinazotengeneza maziwa, na kati ya tezi kuna nyuzinyuzi zinazozishikilia pamoja. Kwamba mara nyingine, hasa kwa wanawake ambao bado wana umri wa kuzaa, nyuzi hizo na tezi hukua kupita kiasi mahali pamoja, zikajiviringa zikawa kidonge kigumu. Daktari alilikata jina la kidonge hicho vipande vitatu ili aelewe: fibroadenoma, fibro ni nyuzi, adeno ni tezi, oma ni uvimbe. Kiko peke yake, hakijashika nyama iliyo jirani, hakiumi, na picha ya mashine ilikionyesha kina mipaka safi. Hakigeuki kuwa kitu kibaya hivi hivi tu. Sindano ilikuwa ya kuhakikisha, kwa kuwa daktari mzuri haamini vidole vyake peke yake. Kikionekana hivyo hivyo, kitaachwa na kuangaliwa baada ya miezi sita. Kikikua, kitatolewa, na mtu anarudi nyumbani siku hiyo hiyo.

"Na akasema madaktari wa zamani walikiita panya," Phanice akaongeza. "Kwa sababu ukikigusa kinateleza kinakimbia. Mwambie mzee, Kwamboka, kwamba kinakimbia kama yeye."

Mokamwana kumtania baba mkwe! Mahali pengine, siku nyingine, wazee wangekaa kikao. Mzee Ochoki aliegemeza paji la uso kwenye mbao za ukuta, akacheka bila sauti mpaka mabega yakamtikisika, na sijui kama ni kicheko tu kilichomtikisa.

Lakini upande wa pili Phanice alikuwa amemaliza kukamua na hakuinuka. "Kwamboka," akasema, "kuna lingine. Nalo sijui kama mzee atanisamehe."

"Mwambie aseme."

"Mama alinionyesha. Mwaka mzima kabla ya mzee kujua. Tulikuwa wawili kwenye michai, akafungua shati akasema, 'Hebu gusa hapa, ni nini?' Nikagusa. Chake hakikukimbia. Kilikuwa kimeshika kama jiwe ndani ya udongo. Nikamwambia amwambie mzee. Akasema ataona haya, kitapona. Mimi ni mke wa mwana, tatabiara naye ni tatabiara. Ningeanzia wapi? Ningelitaja vipi? Kila siku nilikuwa namwona anapita hapa na panga lake, nikifungua mdomo unajifunga. Nilimheshimu, Kwamboka, mpaka mama akafa."

Jogoo aliwika kwa jirani. Mzee Ochoki alisimama vile vile, paji la uso kwenye mbao, na hasira ilimpanda kweli, msidhani yeye ni malaika. Mwaka mzima! Mwaka mmoja angempeleka Kisii, angempeleka Eldoret, angeuza Kwamboka na shamba la chini. Hasira ikafika kooni, ikatafuta mtu wa kumwangukia. Ikamwona Phanice, mke wa mwana, kikapu mgongoni, amefungua mdomo. Ikamwona na mwanamume mmoja aliyelala kitanda kimoja na mwanamke aliyebana shati kwa pini, asiulize pini ni ya nini.

Akaweka panga chini. Akauzunguka ukuta wa mbao, akafika mlangoni pa zizi, mahali ambapo hakuwahi kusimama mokamwana akiwa ndani. Phanice alishtuka akavuta leso kichwani.

"Phanice," mzee akasema. Hakumwambia ng'ombe. "Mwanangu. Hata ungeniambia, ningekimbia."

Phanice akainua macho akamtazama usoni, na wote wawili wakaanza kulia pale pale, huyu mlangoni, huyu kwenye kigoda, ng'ombe katikati yao akitafuna. Hawakushikana mikono. Ensoni si kitu cha kuvunjwa chote kwa asubuhi moja, na wala hawakutaka ivunjike yote, maana ndani yake kulikuwa na upendo mwingi. Walipanua lango tu.

"Kesho utakwenda?" mzee akauliza.

"Nitakwenda."

"Nami nitaingia nisikie."

"Hapana, tatabiara." Phanice akajifuta pua kwa pembe ya leso. "Utakaa nje mlangoni. Lakini hutakimbia."

Alhamisi walikuwa pale mapema. Phanice aliitwa, mlango ukafungwa, na mzee akakaa kwenye benchi lile lile mbele ya picha ya mtoto anayenawa mikono. Magoti aliyashika kwa mikono yote miwili, pengine yasiondoke bila yeye. Kando yake aliketi mzee mwenzake kutoka Ogembo, aliyekuwa na mkongojo, na kwa kuwa benchi la hospitali halina siri akamuuliza, "Wewe umeleta nani?"

"Mtoto wangu."

"Anaugua nini?"

Mzee Ochoki akafungua mdomo, na neno kifua likaja lenyewe, limezoea njia. Likafika ulimini. Akalitazama, akalimeza. Akavua kofia, akaibana kwapani, kwa sababu bila hivyo hajui kusema jambo zito.

"Ana uvimbe kwenye titi," akasema.

Sauti ilitoka ile ile ya makaburini, maana hana nyingine. Ilikwenda ikapiga dirisha la dawa, ikarudi. Kina mama wote wa foleni wakageuka. Muuguzi mmoja akasimama na trei mkononi. Mwenye mkongojo akatazama sakafu kwa haya aliyoona kwa niaba yake.

"Ni ule wa nyuzi," Mzee Ochoki akaendelea, kwa kuwa akishaanza hakatizwi. "Wa nyuzi na tezi. Hauna ubaya, lakini lazima upimwe, mtu asikae nao akibahatisha. Mke wangu naye alikuwa na uvimbe. Wake ulikuwa wa ubaya. Nilipomzika niliwaambia watu aliugua kifua." Akaibana kofia zaidi. "Hakikuwa kifua kile. Lilikuwa titi la Bosibori wangu, nami sikumuuliza."

Ndipo mlango ukafunguka, na Phanice akatoka, leso mabegani, daktari nyuma yake akiwa ameziba mdomo kwa mkono asicheke au asilie. Walikuwa wamesikia kila neno. Phanice hakuinamisha macho.

"Tata," akamwita, si tatabiara, "ni kile cha nyuzi. Turudi baada ya miezi sita."

Sauti ya Mzee Ochoki, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, ilikuwa imemwishia. Akaitikia kwa kichwa tu, akabaki ameketi.

Mwenye mkongojo alimgusa kiwiko. Alisogea karibu, akashusha sauti mpaka ikawa pumzi. "Mzee," akanong'ona, "huyo daktari anapima siku gani? Nina mke nyumbani."